Kupanga kabati la nguo kwenye nyumba ya pwani, hatua kwa hatua

Nianzie wapi? Nguo zikunjwe au zitundikwe? Mbona kabati linanuka uvundo na kila kitu nimefua? Maswali haya hayaishi, na mara nyingi anayeuliza ameshanunua pakiti mbili za henga pamoja na vikapu vya plastiki visivyoingia kwenye rafu zake. Mwongozo huu ni wako wewe unayetaka kuanza, ikiwezekana kabla hujatoa hela mfukoni.

Kabati tunalolipanga hapa ni la kawaida la chumbani: upana wa ndani sentimita 120, kina 60, kimo mita mbili. Lina milango miwili, limegawanywa katikati, upande mmoja una bomba la kutundikia na upande wa pili rafu. Wanaolitumia ni watu wawili. Nyumba iko Dar es Salaam, Tanga, Mombasa au Unguja, mahali ambapo chumvi inalowa yenyewe kwenye kopo.

Hilo la chumvi ndilo linalobadilisha mpango wote. Ushauri mwingi wa kupanga kabati umetoka kwenye nchi zenye hewa kavu, ambako mtu anaweza kushindilia nguo mpaka mlango usukumwe kwa goti, na nguo zisipate dhara. Huku kwetu kabati lililoshindiliwa linaota ukungu. Ukungu unahitaji unyevu wa hewa unaozidi asilimia 65 au 70 hivi, na pwani kiwango hicho tunaishi nacho karibu mwaka mzima. Kwa hiyo panga hewa kwanza, nguo zifuate. Robo ya kabati ibaki wazi, hata kama roho inakusuta kuona nafasi imekaa bure.

Chagua siku ya jua kali na uanze saa mbili asubuhi. Januari, Februari, au kati ya Juni na Septemba ndio wakati mzuri. Usifanye kazi hii wakati wa masika. Utatoa nguo zenye unyevu na kurudisha nguo zenye unyevu.

Mahitaji

- Tepu ya kupimia, karatasi na penseli.
- Shuka mbili safi za kutandika kitandani na sakafuni.
- Magunia au mifuko mikubwa mitatu. Andika juu yake: KUTOA, KWA FUNDI, KUFUA.
- Ndoo mbili, vitambaa vitatu, brashi ya mkono, sabuni ya unga, na nusu lita ya siki nyeupe.
- Vipande vinne vya mbao vyenye unene wa sentimita 5, vya kuinulia kabati.
- Mkaa kilo moja, karafuu kavu kiasi cha kikombe cha kahawa, na vitambaa chakavu vya pamba vya kufungia.
- Maboksi ya viatu manne hadi sita yaliyo magumu.
- Kipima unyevu kidogo cha betri, ukikipata. Si lazima, lakini kinamaliza ubishi.

Henga hazimo kwenye orodha kwa makusudi. Utazinunua baada ya hatua ya nne, ukijua idadi. Vilevile usinunue bado vikapu, vigawanyo vya droo wala mifuko ya kufunikia suti.

Vipimo vya kukumbuka

Henga ya mtu mzima ina upana wa sentimita 42 hadi 45. Ukiongeza mikono ya nguo, kabati linahitaji kina cha ndani kisichopungua 55. Ikiwa lako lina kina cha 45 au 50, mikono itabanwa na mlango kila ukifunga. Usilazimishe. Mwambie fundi seremala aondoe bomba linalokwenda kushoto na kulia, aweke fupi linalotoka nyuma kuja mbele, nguo zitazame mlango.

Kimo kinachohitajika kuanzia kwenye bomba kushuka chini ni hiki:

- Shati na blauzi: sentimita 90 hadi 95.
- Koti la suti: 105.
- Suruali iliyokunjwa juu ya henga: 75 hadi 80. Ikining'inizwa moja kwa moja: 120.
- Kanzu, buibui, dera na gauni refu: 150 hadi 165, kutegemea urefu wa mvaaji.

Kwenye bomba, shati moja linachukua sentimita 3 likipumua, na koti la suti 6 au 7. Kwa hiyo bomba la sentimita 58, yaani nusu ya kabati letu, linabeba mashati 18 au 19, basi. Watu hutundika 35 halafu wanashangaa nguo zimetoka na mikunjo kuliko zilivyoingia.

Hatua ya 1: Toa kila kitu

Maana ya kila kitu ni pamoja na ile mifuko ya rambo iliyoko juu ya kabati, begi lililo chini ya uvungu na nguo zilizotundikwa nyuma ya mlango. Zote zifike kitandani. Ukipanga rafu moja leo na nyingine Jumapili ijayo, nguo zitakuwa zinahama tu kutoka rafu hadi rafu.

Sweta, masuti, mablanketi na vitu vya ngozi vitoe nje moja kwa moja. Vya kitambaa vianike juani kwa saa mbili, upande wa ndani ukiwa nje ili rangi isipauke. Vya ngozi viweke kivulini penye upepo, kwa sababu jua kali linaikausha ngozi hadi inapasuka.

Hatua ya 2: Safisha, inua, sogeza

Likiwa tupu, lichunguze. Pitisha kiganja kwenye ubao wa nyuma, hasa sehemu ya chini. Ukihisi ubaridi wenye unyevu, au ukaona ubao umevimba na rangi inabanduka, tatizo liko ukutani wala si kwenye nguo. Ukuta unaopakana na bafu na ule unaopigwa na mvua ndio wahalifu wakubwa. Hamishia kabati ukuta wa ndani ikiwezekana.

Futa ndani kwa maji yenye sabuni kidogo, kitambaa kikiwa kimekamuliwa sana. Makabati mengi ya siku hizi ni ya MDF au mbao za pumba zilizogandishwa kwa gundi, na maji yakiingia kwenye kingo zake hayatoki tena. Kisha futa kwa siki na maji vipimo sawa kwa sawa. Palipo na ukungu, acha siki ikae dakika 30 kabla ya kufuta tena.

Angalizo: siki isikutane kabisa na jiki au dawa nyingine ya klorini. Vikichanganyika vinatoa gesi ya sumu, na ndani ya kabati kichwa chako kimo humohumo kwenye gesi.

Acha milango wazi kwa saa tatu, feni ikielekezwa ndani. Kabla ya kurudisha kitu chochote, inua kabati kwa vile vipande vya mbao na livute sentimita 5 hadi 7 kutoka ukutani ili hewa izunguke nyuma. Hatua hii ndogo inasaidia kuliko manukato yote utakayonunua.

Kabati likiwa la kujengwa ukutani huwezi kulivuta. Mwombe fundi atoboe matundu ya milimita 25, sita chini ya kila mlango na sita juu, kisha abandike kipande cha wavu wa mbu kwa ndani ili mende wasipate njia.

Hatua ya 3: Chambua

Shika nguo moja moja. Usiulize kama unaipenda, kwa sababu utajibu ndiyo kwa zote. Jiulize: niliivaa lini mara ya mwisho, na ingekuwa kesho ningetoka nayo? Halafu ipeleke mahali pake:

- za kila wiki (kazini, nyumbani, sare za shule);
- za kutokea (msikitini, kanisani, mialikoni);
- za mara chache (sweta za safari ya Arusha au Nairobi, suti, mablanketi);
- KWA FUNDI, zinazohitaji kifungo, zipu au kupunguzwa;
- KUFUA, zenye doa au harufu;
- KUTOA.

Gunia la fundi lina sharti lake: lifike kwa fundi ndani ya wiki mbili. Likikaa zaidi ya hapo, mimina yaliyomo kwenye KUTOA.

Mzigo mgumu ni sare za sherehe. Kila harusi, kila sendoff na kila kitchen party ina kitambaa chake, kimeshonwa kwa mtindo wa siku ile, kikavaliwa jioni moja. Mwanamke mwenye ndugu na marafiki wengi anaweza kuwa na mishono 20 ya aina hii, na hawezi kuigawa kirahisi kwa sababu ina watu ndani yake. Bakisha ile ambayo unaweza kuivaa peke yake bila watu kukuuliza sherehe ilikuwa wapi. Iliyobaki, kama kitambaa bado kizuri, mpelekee fundi aitoe sketi, gauni la mtoto au foronya. Yenye shanga na mawe mazito isitundikwe, kwa sababu uzito wake unaivuta mabegani. Ikunje na uilaze juu ya rafu.

Hatua ya 4: Hesabu na uchore

Hesabu nguo za kutundika kwa aina: mashati mangapi, kanzu ngapi, mabuibui mangapi. Zidisha kwa sentimita zilizotajwa hapo juu. Mfano: mashati 8 (24), kanzu 3 (9), mabuibui 4 (12), koti moja la suti (7). Jumla 52. Bomba letu ni 58, kwa hiyo zinaenea na kupumua.

Jumla ikizidi urefu wa bomba, usinunue kabati jingine bado. Angalia nini kinaweza kukunjwa. Jinzi, tisheti, sweta, khanga, vitenge na madera ya pamba hayana haja ya henga hata kidogo.

Sasa chora kabati kwenye karatasi, ugawe upande wa kila mtu, halafu nunua henga idadi uliyoipata ukiongeza tano. Chukua za aina moja zote, kwa sababu zikiwa na kimo tofauti nguo zinapandana na kukwama. Za plastiki nene zinatosha kwa mashati, na za mbao zenye mabega mapana ni kwa suti. Zile za waya za dobi zirudishe kwa dobi mwenyewe: zinashika kutu kwenye hewa ya pwani, na doa la kutu kwenye kanzu nyeupe halitoki kwa sabuni.

Hatua ya 5: Kagua bomba

Bomba la chuma lenye kipenyo cha milimita 25 linatosha hadi urefu wa sentimita 120. Likipita hapo linahitaji nguzo katikati. Mpini wa fagio usitumike: mita moja iliyojaa nguo za mchanganyiko inaweza kufika kilo 20 na zaidi, nao utapinda kabla ya mwaka kwisha. Bomba likae sentimita 28 hadi 30 kutoka ubao wa nyuma, na sentimita 6 chini ya rafu ya juu ili henga iingie na kutoka bila kugonga.

Ikiwa upande wako hauna nguo ndefu kabisa, weka mabomba mawili, moja juu ya jingine: la juu sentimita 190 kutoka chini, la pili 95. Nafasi ya mashati inakuwa mara mbili bila kununua kitu kingine.

Hatua ya 6: Tundika

Panga ndefu upande wa ubao wa pembeni na fupi kuelekea katikati. Chini ya zile fupi patabaki pengo la kuweka maboksi. Funga kifungo cha juu cha kila shati ili kola isilale. Suruali za kitambaa zikunje kwenye mstari wa pasi kisha zipitishe juu ya henga.

Buibui na nguo za hariri zinateleza. Zungushia mpira wa pesa kwenye kila ncha ya henga na hutaokota nguo sakafuni tena. Sweta na nguo zote za kufuma zisitundikwe, mabega yatavutika na kuota pembe.

Nguo iliyorudi kutoka kwa dobi ikiwa imevikwa mfuko wa nailoni, ivue mfuko siku hiyohiyo. Mfuko unafungia mvuke ndani, na kwa nguo nyeupe unaleta umanjano. Ukitaka kuikinga na vumbi, ishonee kifuniko cha shuka kuukuu.

Mwisho, geuza henga zote ndoano zitazame upande wa nje. Kila nguo ukiivaa, irudishe ndoano ikitazama ndani. Baada ya miezi sita utaona mwenyewe zipi hazikuguswa.

Hatua ya 7: Kunja

Tisheti na jinzi zikunje mpaka zisimame zenyewe, kisha zipange wima ndani ya boksi la kiatu lililokatwa kimo cha sentimita 15. Ukitoa moja nyingine hazianguki, na zote unaziona kwa jicho moja. Ukipendelea kulaza safu kwenye rafu, isizidi sentimita 25 kwenda juu. Ikizidi hapo, unayoitaka huwa iko chini kabisa.

Khanga ndizo zinazojaza makabati mengi, na ndizo zinazokunjwa ovyo kuliko zote. Doti moja iwe kunjo moja, vipande viwili visitengane. Fanya hivi:

a) Tandaza vipande vyote viwili, kimoja juu ya kingine, uso ukitazama chini, upande wenye jina ukiwa kwako. Kama doti haijakatwa, ikunje katikati mgongo kwa mgongo.
b) Chukua pindo la mbali ulilete mpaka kwako. Umebaki na sentimita 150 kwa 55.
c) Ingiza theluthi ya kushoto ndani, kisha ya kulia juu yake. Upana sasa ni 50.
d) Kunja tena kutoka mbali kuja kwako, upate 50 kwa 27.
e) Geuza. Jina liko juu, linasomeka.

Kunjo hizi zinakaa safu mbili ubavu kwa ubavu kwenye rafu ya sentimita 58. Unapofunua safu unasoma majina tu, hulazimiki kuzifumua zote kutafuta ile ya kwendea msibani. Doti 12 hadi 15 kwa safu zinatosha. Zilizo mpya, ambazo bado zina ule ugumu wa dukani, zifue kwanza, kwa sababu mende na wale wadudu wembamba wa rangi ya fedha wanafuata wanga ulio kwenye kitambaa. Sababu hiyohiyo inahusu kanzu na mashati: ukijua hutaivaa kwa miezi miwili, ihifadhi bila kuitia wanga.

Kitenge ambacho hakijashonwa kizungushie kadibodi ya sentimita 30 kwa 25 kama kinavyokaa dukani, na uandike yadi zake pembeni. Fundi akikuuliza, jibu unalo.

Kofia za vito zisibanwe chini ya kitu. Ziingize moja ndani ya nyingine, zisizidi tatu, juu ya kopo lenye mzingo wa kichwa chako.

Nguo za ndani na soksi hazina elimu kubwa: boksi moja kwa kila mtu.

Hatua ya 8: Gawa rafu

Rafu zipishane sentimita 30 hadi 35. Zinazovaliwa kila wiki zikae kati ya kiuno na macho. Za mtoto ziwe chini anakofika mwenyewe, la sivyo utafungua kabati hilo mara kumi kila asubuhi. Mablanketi na nguo za mara chache zipande juu, ndani ya foronya za pamba, si ndani ya mifuko ya plastiki.

Rafu ya chini kabisa ndiyo yenye unyevu mwingi. Usiweke suti, ngozi wala vyeti pale. Viatu vikae nje ya kabati. Na kama huna mahali pengine, viingie baada ya kulala usiku mzima kwenye hewa.

Kila safu iache vidole viwili kutoka ubao wa nyuma.

Hatua ya 9: Harufu na wadudu

Funga mkaa kwenye vitambaa, robo kilo kila kifurushi, na kila upande uweke kimoja chini na kimoja juu. Mkaa unanyonya harufu vizuri na unyevu kidogo, kwa hiyo usiutarajie miujiza. Kila mwezi uanike juani nusu siku. Vipakiti vidogo vinavyokuja na viatu ni vya boksi la kiatu, kwa kabati zima havifanyi kitu. Vikopo vya chembe nyeupe za kalsiamu kloraidi vinavyouzwa madukani vinafyonza maji kwelikweli, ila vimwage kabla havijajaa. Maji yake ni ya chumvi kali, yanaharibu ngozi na kuozesha bawaba.

Karafuu zifunge kijiko kimoja kimoja, uzipondeponde kidogo, uzibadilishe kila baada ya miezi mitatu. Zinawachukiza wadudu lakini haziwaui. Kufukiza nguo udi ni jambo zuri, lakini chetezo kisiingie kabatini hata dakika moja. Fukiza nje, nguo zipoe, ndipo zirudi. Na udi hauondoi uvundo. Unakaa juu yake, vikichanganyika ndiyo mbaya zaidi.

Onyo la kweli ni juu ya vidonge vyeupe vya nafthalini. Ni sumu, na mtoto anaweza kuvidhania pipi. Zaidi ya hapo, baadhi ya watu wamezaliwa na upungufu wa kimeng'enya kiitwacho G6PD, hali inayopatikana sana kwenye maeneo ya malaria kama pwani yetu, na nafthalini inaweza kuzivunja chembe nyekundu za damu yao. Watoto wachanga ndio wako hatarini zaidi: kuvishwa nguo au kufunikwa blanketi lililokaa na vidonge hivyo kunatosha kuwaletea manjano na upungufu wa damu. Nguo za mtoto zisikae na nafthalini hata kidogo.

Hatua ya 10: Weka mlinzi mlangoni

Kabati halivurugiki siku moja. Linavurugwa na nguo tatu zinazoingia kila siku bila ruhusa:

Ya kwanza ni ambayo haijakauka. Gusa mshono wa kiunoni, kwapa na kola. Sehemu nyingine hudanganya. Nguo ianuliwe kabla ya saa kumi na moja jioni, kwa sababu baada ya hapo inaanza kunyonya tena.

Ya pili imetoka kwenye pasi sasa hivi. Ina mvuke. Itundike nje nusu saa.

Ya tatu imevaliwa mara moja na bado si chafu. Hiyo isirudi ndani kuambukiza wenzake jasho. Piga ndoano mbili nyuma ya mlango wa chumba, na ikikaa pale siku mbili bila kuvaliwa iende kufuliwa.

Fungua milango yote kwa muda wa saa moja kila asubuhi jua linapotoka. Siku ya mvua usifungue, utaingiza kile ulichokuwa unakikimbia.

Mambo yakienda kombo

*Uvundo umerudi baada ya wiki mbili.* Weka kipima unyevu ndani usiku kucha. Kikisoma chini ya 65, kuna nguo iliyoingia mbichi. Itafute kwa pua, mara nyingi ni jinzi au taulo. Kikisoma zaidi ya 75 na chumbani ni vilevile, tatizo ni chumba: fungua madirisha mchana, acha kuanika nguo ndani. Ndani kikiwa juu na chumbani chini, rudi kwenye ukuta wa nyuma.

*Ukungu mweupe kwenye suti au mkoba.* Toa nje, piga brashi upepo ukiwa mgongoni kwako, usipige ndani maana vijidudu vyake vitatua kwenye nguo nyingine. Futa kwa kitambaa chenye siki kidogo, kausha. Vidoa vyeusi kwenye pamba nyeupe vinaweza kutoka kwa jiki. Kwenye rangi ukijaribu utapata doa jingine. Vikikaa muda mrefu havitoki, na huo ndio ukweli.

*Kanzu nyeupe imekuwa manjano kwapani na kolani.* Ni jasho na sabuni isiyosuuzwa vizuri. Jiki huongeza umanjano huo badala ya kuupunguza. Paka haidrojeni peroksaidi ya asilimia 3 iliyochanganywa na magadi ya kuokea mpaka iwe uji mzito, acha dakika 30, fua.

*Vitundu vidogo.* Angalia viko wapi. Kwenye tisheti, mbele, usawa wa kitovu, si wadudu: ni kifungo cha jinzi na mkanda vinavyosugua. Kwenye sweta la sufi au hariri, ni viwavi vya nondo. Wengine ni wale wanaoburuta kifuko bapa cha kijivu ukutani. Hawali pamba safi, ila yenye jasho na mchuzi wanaitafuna. Sweta lifunge kwenye nailoni, lilaze kwenye friza wiki nzima, halafu lifue. Fagia pembe za kabati na nyuma yake, pamoja na utando wa buibui, maana nao ni chakula chao.

*Rafu imebonyea.* Ubao wa MDF wa milimita 18 unachoka ukipita sentimita 80 bila nguzo. Ugeuze juu chini na uweke kipande cha mbao katikati kuushikilia.

*Mwenzako anavuruga.* Usimpangie nguo zake. Mpe upande wake wenye mlango wake, boksi moja la kutupia chochote anachotaka, na ndoano yake nyuma ya mlango wa chumba. Boksi likijaa atalimwaga mwenyewe kutafuta soksi.